Baharia wa Sumbawanga

Simu ilinikuta uani nikipepeta maharage. Sauti ya mwanamke nisiyemjua iliniamkia shikamoo, ikauliza kama mimi ndiye Mwalimu Leokadia, kisha ikaniambia kwamba Mzee Asajile amefariki huko Kasanga na wamekwisha kumzika. Walichelewa kunijulisha, alisema, kwa sababu namba yangu haikuwamo kwenye simu ya mzee. Waliikuta imeandikwa kwa penseli nyuma ya kitabu walipokuwa wakipanga vitu vyake. Mwanamke huyo alikuwa binti wa nahodha Simeoni, ambaye naye alitangulia siku nyingi. "Mwalimu, wewe na mzee ni ndugu?" akauliza. Nikamjibu hapana, tulifanya kazi pamoja mwaka mmoja. "Mwaka mmoja tu?" akashangaa. Nikamwambia ndiyo, mwaka mmoja tu, nikamshukuru, nikarudi kwenye ungo wangu, na maharage yakanishinda. Nimefundisha watoto wa watu mpaka baadhi yao wakaniletea wajukuu wao niwafundishe. Nimezaa, nimezika mume, nimeuguza na kuuguzwa. Lakini mtu akiniambia nichague mwaka mmoja wa kubaki nao, mingine yote niiachie, nitachagua ule niliokuwa na umri wa miaka ishirini, mwaka wa operesheni ya vijiji, nilipokuwa msaidizi katika chumba cha kusomea pale Sumbawanga, chini ya huyo Asajile, ambaye mji mzima ulimwita Baharia.

Chumba chenyewe kilikuwa kimoja, kirefu, nyuma ya bohari la mahindi, chenye sakafu ya saruji iliyopasuka na madirisha mawili yasiyofungika sawasawa. Mwezi wa sita na wa saba upepo wa Ufipa, usio na mti wa kuuzuia, uliingia humo pamoja na ukungu wake, na wasomaji walikaa na mablanketi mabegani. Kulikuwa na mabenchi manne, meza moja, karai la mkaa katikati, na rafu za mbao zenye vitabu vya kisomo: kilimo cha kisasa, usafi wa maji, chakula cha mtoto, siasa. Unga wa mahindi ulipenya kutoka bohari ukatua juu ya kila kitu, na mpaka leo nikifungua kitabu cha zamani pua yangu hutarajia harufu ya mahindi. Nyuma ya kiti cha Ndugu Asajile palikuwa na kabati la chuma lenye kufuli. Watu walisema humo aliweka vitu vyake vya melini, na hakuna aliyethubutu kumwomba afungue.

Ndugu Asajile alikuwa mtu wa Mbeya, upande wa Rungwe, mwembamba, mwenye masikio makubwa na sauti iliyozidi mwili wake. Sisi wenyeji tulikuwa Wakatoliki karibu wote. Yeye alikuwa Mmoravia aliyesali peke yake Jumapili huku ameshika kitabu chake cha nyimbo dirishani. Hakuwa na mke wala jamaa pale mjini. Alichokuwa nacho ni Jumamosi. Kila Jumamosi alasiri, soko likianza kupungua, wanakisomo, watu wazima waliokuwa wakijifunza kusoma, walikuja na vikapu vyao vikiwa vimebaki na vitunguu viwili vitatu, wakasoma kwanza nusu saa kila mtu kitabu chake, kwa sauti, kidole kikifuata mstari. Hilo lilikuwa sharti. Baada ya hapo Ndugu Asajile alivua miwani, akaipangusa, akaanza: "Mwaka ule tulipoiacha bandari, mimi nikiwa mpishi..." Na watu ambao hawajawahi kuona maji mapana kuliko bwawa la ng'ombe walikaa kimya wakimsikiliza jinsi dhoruba ilivyoikamata meli yao siku tatu, jinsi alivyojifunga kwa kitenge kwenye mguu wa jiko ili moto usizimike, kwa maana mabaharia wakikosa uji wa moto wangekufa kwa baridi kabla ya kuzama. Alitaja mlingoti, tanga, usukani, nanga, maneno ambayo kwetu yalikuwa mageni kama majina ya malaika. Madarasa mengine ya kisomo yalikuwa yakikimbiwa mwaka ule, watu wamechoka kuhamishwa na kujenga upya. Letu lilijaa mpaka wengine wakasimama nje, vichwa vikiwa dirishani.

Mimi nilikuwa pale kwa sababu ya uongo. Nilikuwa nimekaa miaka mitatu katika nyumba ya malezi ya masista, na asubuhi moja, baada ya misa, nilikwenda kwa sista mlezi wetu nikamwambia siwezi kuendelea. Hakunigombeza. Aliniuliza mara mbili kama nina hakika, akanifungia mkate kwenye karatasi, akanisindikiza mpaka njiani. Lakini nyumbani mama yangu alikuwa amekwisha kuitwa Mama Sista na kijiji kizima. Watu walimpisha mbele kisimani. Nilipofika na kibegi changu, nikaona uso wake unavyonitazama, nikasema nimerudishwa kupumzika kwa sababu ya kifua, na kwamba nikipona nitaitwa tena. Neno lilitoka lenyewe, likakaa. Shangazi yangu Kresensia, aliyekuwa akiishi Sumbawanga, akasema mtoto aje mjini karibu na hospitali, na ndivyo nilivyopata kazi ya chumba cha kusomea. Shangazi alikuwa na jiko la nje lililoezekwa kwa mabati, na sijakula tena ugali wa ulezi kama ule, mweusi, mzito, pamoja na maharage yaliyolala chunguni tangu asubuhi. Hakuniuliza kitu juu ya kifua. Alinitazama tu nikila, akaongeza.

Mama alikuja kuniona kila baada ya majuma mawili. Kijiji chetu kilikuwa kimehamishiwa kando ya barabara, nyumba yake mpya haijakandikwa hata kuta mbili, lakini alitembea asubuhi yote akiniletea asali na mizizi ya kuchemsha, michungu mpaka machozi yanatoka. Aliniketisha, akaweka sikio lake mgongoni kwangu, akasema, "Pumua, mwanangu." Nikapumua. "Tena." Nikapumua tena, na nikajifunza kukohoa. Siku moja nilikuwa nafua nyuma ya jiko nikamsikia akizungumza na shangazi ndani, kwa Kifipa, polepole. "Ijumaa sili mpaka jua lizame," alikuwa akisema. "Nimemwambia Mungu achukue kifua changu, cha mtoto akiache." Shangazi akamjibu, "Wifi, utajiua." Mama akasema, "Nina faida gani mimi? Yeye ndiye wa Mungu." Nilibaki nimeinama juu ya karai, mikono ndani ya maji ya baridi mpaka vidole vikafa ganzi, nisiweze kuinuka wala kuendelea kufua. Nilijua lazima niseme. Sikusema. Kila siku iliyopita niliona deni la ukweli linakuwa zito zaidi, na mimi mdogo zaidi.

Mwezi wa nane Bwana Elimu, ofisa aliyesimamia kisomo cha watu wazima, alikuja na pikipiki yake kututangazia kwamba chumba cha kusomea kitafunguliwa Kasanga, ziwani, kwa ajili ya wavuvi, na kwamba Ndugu Asajile ndiye atakayekwenda kukifungua. "Nani mwingine?" alisema akicheka. "Baharia aende kwa mabaharia." Aliagiza kila kitabu tulicho nacho kiorodheshwe, hata vilivyofungiwa, ili sehemu ipelekwe huko. Alipoondoka, Ndugu Asajile alikaa muda mrefu akitazama mlango. Halafu akatoa ufunguo shingoni, akauweka mbele yangu juu ya meza. "Orodhesha na vya kabatini," akasema. "Mimi nakwenda kutafuta chai." Hoteli ya chai ilikuwa mita chache kutoka pale. Alikaa huko karibu saa mbili.

Kabatini hamkuwa na kitu cha melini. Mlikuwa na vitabu, ishirini na kitu, vya Kiingereza, vyote vya safari: vya watu waliovuka bahari, waliopotea visiwani, waliozunguka dunia wakitafuta jambo ambalo wenyewe hawakuweza kulitaja. Kiingereza nilikuwa nimefundishwa na masista, vizuri, na pale mjini hakuna aliyejua kwamba ninakisoma, kwa sababu hakuna aliyewahi kuniuliza. Nilichukua kimoja chenye jalada la buluu ili niandike jina lake, nikafungua katikati, nikajikuta jikoni mwa meli. Mpishi alikuwa akijifunga kwa aproni yake kwenye mguu wa jiko. Nilikaa sakafuni. Nikachukua kingine: kile kisiwa cha ndege alichotusimulia Juni. Kingine: bandari ya vumbi jekundu ambako rafiki yake alikufa kwa homa, simulizi iliyowaliza wanawake benchi zima. Kando ya kurasa, kwa penseli, kwa mwandiko wake mdogo wa karani, alikuwa ameandika maneno ya Kiswahili aliyoyatafuta kwenye kamusi: mlingoti, tanga, usukani, nanga. Mengine aliyafuta na kuyaandika upya. Sijui kueleza hasira niliyoisikia. Nililia kama mtu aliyefiwa na yule rafiki wa bandari kwa mara ya pili, maana sasa ilikuwa wazi hakuwahi kuwa rafiki wa mtu yeyote ninayemjua.

Ndugu Asajile aliporudi alikuwa amebeba vikombe viwili. Aliniona pale sakafuni na kitabu cha buluu mapajani. "Umefika wapi?" akauliza.

"Jikoni."

Akaweka chai chini, akakaa kwenye benchi la wanakisomo, mahali ambapo sikuwahi kumwona akikaa. "Unasoma vizuri?"

"Ninasoma vizuri. Ndugu Asajile, umetudanganya sote. Wale mama wanakuombea rozari. Wanaombea na marehemu rafiki yako."

"Najua." Alizungusha kikombe mikononi. Akanieleza kwamba alipofika Sumbawanga mara ya kwanza, akiwa karani wa ofisi, alikaa mwezi mzima bila mtu kumwuliza jambo lolote zaidi ya mhuri uko wapi. Kifipa hakukijua, Kiswahili chake watu walikicheka. Jioni alisoma vitabu hivyo, vilivyoachwa na mtu aliyerudi kwao ng'ambo. Siku moja hotelini mzee mmoja akamwuliza, wewe kijana umetoka wapi? "Nilikuwa nimetoka kusoma, Leokadia. Nikamwambia nimetoka baharini. Akavuta kigoda. Mwingine akavuta kigoda. Mimi sikupanga kudanganya. Nilitaka kukaa na watu." Akanywa chai, kisha akasema, bila ubaya wowote katika sauti, "Na kifua chako kinaendeleaje?"

Nilikifunga kitabu cha buluu.

"Unabeba maboksi mawili kwa mpigo," akasema. "Mama yako akija ndiyo unakohoa. Sikusemi. Nilitaka tu ujue kwamba nilipokupa ufunguo, sikumpa mtu asiyejua mzigo huu unavyobebwa."

Hatukuongea tena juu yake. Nikamaliza orodha. Jumamosi iliyofuata alisimulia kama kawaida na mimi nikakaa mlangoni nikisikiliza kila neno, na jambo lililonishangaza ni kwamba hadithi haikupungua kitu. Ilikuwa nzuri vilevile. Uongo wote ulikuwa katika neno moja dogo, "mimi".

Tulikwenda Kasanga kwa lori la serikali, Bwana Elimu mbele na dereva, sisi wawili nyuma juu ya magunia na masanduku ya vitabu. Tulipita Matai, mashamba ya matuta yakiwa yamevunwa, watu wakianika ulezi, kisha nchi ikaanza kushuka na joto likapanda kutukuta, nikavua sweta. Pahali fulani kwenye kona niliona ziwa. Nilidhani ni anga limeshuka. Nikamshika mkono Ndugu Asajile nikisema, "Tazama! Tazama!" Alitazama kidogo, akarudisha macho kwenye masanduku. Mikono yake ilikuwa ya baridi katika joto lile. Nikaelewa kwamba yeye pia ilikuwa mara yake ya kwanza, na kwamba hakuweza hata kushangaa, kwa sababu mtu aliyezunguka dunia hashangai ziwa.

Mwenyeji wetu alikuwa Simeoni, nahodha wa boti la mizigo lililovuka kwenda Zambia na Zaire, mtu mpana wa kifua na mpole, wa makamo. Nyumbani kwake tulilishwa ugali wa muhogo na migebuka, samaki wa ziwa lile, waliokaangwa mpaka miiba inatafunika. Simeoni alimnawisha Ndugu Asajile mikono mwenyewe, badala ya kumwachia mkewe, na wakati wa kula alimsogezea kila kipande kizuri. Alikuwa akimtazama kwa namna ambayo ilinitia hofu, kama mgonjwa anavyomtazama daktari aliyesubiriwa. Ukumbini nilimsikia mkewe akimnong'oneza, "Utamwuliza?" naye akajibu, "Mbele ya watu wote. Ndiyo maana ya kuuliza."

Mkutano ulifanyika katika banda la mabati karibu na gati, mchana, watu wamekaa juu ya nyavu na magunia. Bwana Elimu alihutubia. Kisha Ndugu Asajile akasimama, akavua miwani, akaanza na dhoruba. Alisimulia vibaya. Ndiyo mara ya kwanza nilipomsikia akitafuta maneno, maana maji yenyewe yalikuwa hapo nyuma yake yakipiga ukuta wa gati na kila mtu bandani aliyajua. Hata hivyo walimsikiliza kwa adabu, na alipomaliza Simeoni akainuka, kofia mkononi.

"Mzee wangu, mimi nina swali moja," akasema. "Msimu uliopita tulikuwa tunarudi na dagaa. Mdogo wangu Fidelisi alidondoka. Upepo ulikuwa nyuma yetu, giza bado halijaingia, nilimwona kwa macho yangu. Niligeuza chombo kushoto. Nilipofika pale hakuwepo. Nikageuza tena, hakuwepo. Shemeji yangu, mkewe Fidelisi, yule pale amekaa nyuma, anasema ningegeuza kulia ningemfikia. Tangu siku hiyo hatusemezani, na watoto wa mdogo wangu hawaji kula kwangu. Wewe umetembea maji makubwa. Nataka unijibu hapa, mbele yake. Ilipasa nigeuze upande gani?"

Nilimtazama shemeji huyo. Alikuwa mwanamke mdogo, labda alinizidi miaka mitano, amefunga kanga nyeusi, na hakuinua kichwa. Nikamtazama Ndugu Asajile. Alikuwa amefungua mdomo. Najua alichotaka kusema, kwa sababu mimi mwenyewe nilikuwa nikimwomba kimoyomoyo akiseme: ulifanya sawa, Simeoni, nasi baharini tuligeuza kushoto. Neno lile lingemtua mtu mzigo. Nimelifikiria jambo hili miaka mingi, nikiwa darasani, nikiwa kitandani hospitali, na bado siwezi kusema kwa wepesi kwamba uongo ule ungekuwa dhambi. Lakini ungemfanya mjane yule awe mwongo mbele ya kijiji kizima, kwa ushahidi wa mtu ambaye hajapanda hata mtumbwi. Nadhani Ndugu Asajile aliliona hilo palepale. Alivaa miwani yake.

"Sijui," akasema.

Simeoni akasubiri.

"Sijui, ndugu yangu. Sijawahi kuwa melini. Sijawahi kupanda chombo chochote cha majini. Ziwa hili nimeliona leo. Yote niliyowasimulia nimeyasoma katika vitabu, nikaweka jina langu. Naomba mnisamehe. Na wewe, mama uliyefiwa, naomba unisamehe."

Mtu mmoja akacheka, kicheko kifupi, akakikata. Bwana Elimu alisimama, uso umebadilika, akaanza kusema kwamba mkutano umeahirishwa, kwamba Ndugu Asajile atatoa maelezo ofisini. Hakuna aliyeondoka, kwa sababu Simeoni alikuwa bado amesimama. Alikuwa ametazama chini kama mtu aliyedondosha kitu. Kisha akauliza, si kwa hasira, "Na hivyo vitabu, kuna mtu anadondoka majini ndani yake?"

Ndugu Asajile aligeukia masanduku ya vitabu, asifungue hata moja. Ndipo mimi, ambaye sikuwahi kusema neno mbele ya watu wengi, niliposikia sauti yangu ikisema, "Yupo. Ninaweza kuwasomea." Nilifungua sanduku, nikatoa kitabu cha buluu, na mikono yangu ikapata ukurasa. Nilisoma mstari kwa Kiingereza kimoyomoyo, nikausema kwa Kiswahili, mstari kwa mstari. Kengele ilipigwa. Nahodha aligeuza meli, wakarudi juu ya njia yao wenyewe, wasimwone mtu. Akageuza tena. Akageuza mara ya tatu, na safari hii waliona kofia, na mawimbi yalikuwa makubwa mno kushusha mashua. Jioni nahodha aliandika jina la yule mtu katika daftari la meli, na chini yake akaandika upepo ulivyokuwa. Hakuandika zaidi. Wenzake walimwona amekaa na kalamu mkononi mpaka chakula kikapoa.

"Mara tatu," Simeoni akasema.

"Mara tatu."

"Na hakumpata."

"Hakumpata."

Maji yalipiga gati. Halafu kutoka nyuma, mjane wa Fidelisi akasema, kichwa bado kimeinama, "Soma tena pale alipokaa na kalamu." Nikasoma tena. Nilipoinua macho alikuwa analia waziwazi, na Simeoni alikuwa amekwenda kukaa chini karibu naye, si karibu sana, mkono mmoja juu ya wavu uliokuwa kati yao.

Habari ilitangulia kufika Sumbawanga kabla ya lori letu. Watoto walimfuata Ndugu Asajile wakipiga kelele, "Baharia wa nchi kavu!" Yule mzee wa hotelini, aliyevuta kigoda cha kwanza, aligeuza kigoda akampa mgongo. Baada ya juma moja ikaja barua ya kumwondoa kazini. Alikubali yote bila kujitetea, akanikabidhi ufunguo na daftari, na siku aliyoondoka nilidhani anarudi kwao Rungwe. Kumbe Simeoni alikuwa amemtumia ujumbe: chumba chao kina vitabu lakini hakina msomaji. Nilimsaidia kupandisha kisanduku chake kwenye lori. Nikamwuliza, "Sasa huko utawaambia nini?" Akanijibu, "Nitawasomea. Nikimaliza nitawaambia nani ameandika." Akaongeza, "Leokadia, nenda nyumbani."

Nilikwenda kesho yake. Mama alikuwa anakandika ukuta wa nyumba mpya, mikono imejaa udongo mpaka viwiko. Ilikuwa Ijumaa. Nilimwambia nikiwa nimesimama, bila kumpa shikamoo, kwa kuogopa kwamba salamu ingenimaliza nguvu. Nilimwambia sikuwahi kuugua. Nilimwambia niliondoka mwenyewe, kwa mapenzi yangu, na kwamba sitarudi. Hakuacha kukandika. Alichota udongo, akaupiga ukutani, akaulainisha kwa kiganja, akachota mwingine. Sehemu yote ya ukuta mpaka dirishani ikaisha. "Kwa hiyo mimi," akasema mwishowe, "nilikuwa nikimpelekea Mungu uongo wako." Alikwenda kunawa, akaingia ndani. Nilitembea kurudi mjini, na kwa mara ya kwanza tangu nitoke kwa masista nilipumua mpaka chini kabisa ya kifua, na kila pumzi iliniuma.

Hakuja tena mjini. Mvua zilianza, watu wakalima, Krismasi ikapita. Chumbani mwanzoni walibaki wanakisomo sita. Nilifungua kabati, nikarudisha humo kitabu cha buluu nilichorudi nacho kutoka Kasanga, nikaliacha wazi, nikaanza kuwasomea vile vitabu Jumamosi, nikitafsiri, nikisema mwanzoni kila mara kwamba hiki kimeandikwa na mtu fulani wa nchi fulani, na mimi sijafika huko. Walinung'unika. Mama mmoja akaniambia ilikuwa tamu zaidi alipokuwa Baharia. Lakini wakarudi mmoja mmoja, na mazungumzo yakabadilika. Zamani walisikiliza tu, sasa walibishana. Kwa nini mtu aache nyumba nzuri akatafute maji? Aliyehamishwa na aliyehama, nani anajua njia zaidi? Mzee mmoja aliyebomolewa ghala lake la ulezi wakati wa operesheni alisema kwamba yeye amesafiri mbali kuliko mpishi yule, ingawa amehama maili tatu tu, na benchi zima likamwelewa. Hapo ndipo nilipojua nitafanya nini na maisha yangu. Hakuna sauti iliyoniita kutoka mbinguni. Niliona tu kwamba watu wanafungua midomo, na kwamba nilitaka kuwepo.

Jumamosi moja ya mwezi wa pili, mvua ikinyesha, nilikuwa nasoma mwanzo wa kitabu cha buluu kwa wanakisomo wapya. Mlango ulifunguliwa, mama akaingia na kikapu kichwani na mfuko wa nailoni juu ya nywele. Alikaa benchi la nyuma karibu na ukuta, hakunitazama, akakaza macho kwenye karai la mkaa. Nilipoteza mstari, nikaupata, nikaendelea. Nilisoma jinsi mpishi alivyotoka kwao alfajiri bila kuaga, akashuka bandarini, akapanda. Nilisoma sura nzima. Watu wakaaga, wakajifunika, wakatoka mmoja mmoja mvuani, yeye akabaki.

"Shikamoo, mama," nikasema.

"Marahaba." Alikuwa akitazama kitabu mkononi mwangu. "Huyo kijana. Mama yake alipewa habari?"

"Kitabu hakisemi, mama."

"Mpaka mwisho?"

"Mpaka mwisho. Hatajwi tena."

Akatikisa kichwa taratibu. "Alikuwepo lakini," akasema. "Aliamka asubuhi ile, akaona mlango haujafungwa. Aliyeandika hakwenda kumwuliza."

Alishika kikapu, akainuka kama anayetaka kwenda. Nikaweka kitabu mezani, nikamvutia benchi karibu na moto.

"Kaa, mama," nikamwambia. "Mimi nakuuliza."

Alisimama kidogo na kikapu mkononi, maji ya mvua yakimdondoka miguuni. Kisha akakiweka chini, akakaa, akaanza kuniambia.